Anko Aliyekimbia Kinyumenyume

Mguu wa anko ulikuwa na maisha yake binafsi. Yeye mwenyewe angeweza kuwa ameketi, anakunywa uji kama mtu wa kawaida, lakini chini ya meza mguu wa kulia unadunda, unadunda, mpaka vikombe vya Mama kwenye kabati la vioo vinaanza kulia: ting, ting, ting. Ni vile vikombe vyenye ukingo wa dhahabu ambavyo hakuna binadamu aliyewahi kuvinywea. Mama anapiga kelele kutoka jikoni, "Wewe! Shika huo mguu!" Mguu unatulia. Tunaangaliana. Ting.

Nyumba yetu ya Kingstanding, hapa Uingereza, ni ya kaunsili, yaani ya halmashauri ya mji, na kuta zake ni nyembamba hivi kwamba jirani akipiga chafya sisi ndio tunasema pole. Mtu asiyejua kukaa hafichiki humo. Anko alipanda ngazi, akashuka, akafungua friji, akaifunga, akaenda dirishani kuangalia simu yake, kwa sababu ndani ya nyumba ni pale tu kwenye kingo ya dirisha ndipo mtandao ulishika. Kisha akarudi kwenye friji, labda jibini limepiga simu.

Yeye ni mdogo wake Mama. Aliondoka Kenya akiwa kijana, chuo kimoja cha Marekani kikimchukua kwa sababu ya mbio zake, na huko kocha wa mchezo mwingine akamwona akasema huyu nipeni mimi. Ndivyo alivyoingia kwenye futiboli ya Kimarekani, ile ya helmeti na mpira wenye umbo la kiazi kitamu, na ikawa ndiyo kazi yake. Hakuwa mfungaji. Alikuwa mlinzi wa pembeni. Unapewa mtu mmoja wa timu ile nyingine, kwa kawaida yule mwenye mbio kuliko wote, unamganda. Akienda kulia, uko. Akikata kushoto, uko. Mpira ukirushwa kwake, unauchapa uanguke, au unauiba.

"Yaani unalipwa kumharibia mtu siku yake," nilimwambia.

"Hasa."

Nikaona kumbe kuna kazi ambayo mimi tayari nimeihitimu. Waulizeni walimu wangu.

Timu ya kwanza ilimweka kwenye kikosi cha mazoezi tu. Ya pili ilimchezesha msimu mzima, na huko, katika mechi ya theluji, aliiba mpira na kukimbia nao uwanja karibu wote. Hiyo ndiyo siku yake kuu, na tunayo kanda yake. Tatizo ni kwamba kanda za video za Marekani hazielewani na mashine za Uingereza. Ukiiweka kwenye video yetu, picha inakuwa nyeusi na nyeupe, inapanda juu, inapanda juu, kama suruali za mzee. Kwa hiyo familia nzima ilikuwa na mchezaji wa kulipwa na hakuna aliyewahi kumwona akicheza.

Baada ya theluji likaja goti. Baada ya goti akaachwa, akachukuliwa, akaachwa tena. Aliniambia kule hawakupi maneno mengi. Asubuhi mtu anagonga mlango wako anasema kocha anakuita, uje na kitabu chako cha mbinu. Ukisikia kitabu, kazi imekwisha. Mwishowe akaletwa kwenye ligi ya Ulaya, ambako karibu timu zote ni za Ujerumani, na nao wakasikika wakitaja kitabu. Ndipo akaja kwetu "kwa siku chache". Siku chache zikazaa, zikalea, zikapata wajukuu.

Alichokuwa akingoja dirishani ni simu ya ajenti wake, amthibitishie majaribio ya timu moja ya Ujerumani mwishoni mwa kiangazi. Anko alikuwa ameshapita thelathini, na kwa mlinzi wa pembeni huo ni umri wa kuanza kuitwa mzee. Wakimchukua, ana msimu mwingine. Wasipomchukua, hakuna tena timu ya kupigia simu. Sote nyumbani tulijua hilo, na hakuna aliyelisema isipokuwa mguu.

Mama alilizunguka. Yeye hulea wazee katika nyumba moja ya Sutton Coldfield. "Kwetu kazini kuna nafasi," alikuwa akisema huku anakunja nguo. "Wanaume wa kusaidia wazee hawapatikani. Na wewe una mikono."

"Dada, mimi nina kazi."

"Iko wapi? Nionyeshe nikaisalimie."

Anko anavaa raba. Anatoka.

Na akitoka, alikuwa anakimbia kinyumenyume. Ndivyo mlinzi wa pembeni anavyoanza: anarudi nyuma huku anamtazama mtu wake, kisha anageuka ghafla na kwenda naye. Basi fikiria mwanaume mweusi aliyejaa misuli anashuka barabara ya Kingstanding kwa matako, mbio, uso unaangalia alikotoka. Ajuza wa nyumba ya tatu alinisimamisha na kikapu chake. "Huyo mjomba wako yuko sawa kweli, bab?" Huku "bab" ni kama kusema mpenzi. Nikamjibu kwamba huko kwetu ndivyo tunavyokwenda dukani, wakati wa kurudi ndipo tunaangalia mbele. Aliniamini. Wiki nzima alimpungia anko mkono kabla hajampita, akiwa bado anamwona mgongo tu.

Anko alihitaji mtu wa kumganda, na mtu wa mbio kuliko wote kwenye mtaa wetu ni mimi. Sijisifu. Ukiwa na mdomo kama wangu, mbio zinakuja zenyewe. Kila jioni tulikwenda kwenye uwanja wa nyasi nyuma ya nyumba, natupa sweta langu la shule kule mwisho, nafunga nywele, nasimama mbele yake. Sheria ilikuwa moja: nikifika kwenye sweta, awe karibu kiasi cha kunigusa bega.

Nilijaribu ujanja wangu wote. Nilimwangalia kushoto nikaenda kulia. Nilitikisa mabega. Nilipiga yowe nikaonyesha kidole angani, "Ndege!" Hakuna kitu. Kila nilipofika, mkono uko begani, na ile harufu ya dawa yake ya kuchua.

"Unajuaje?"

"Macho yako yanadanganya," alisema. "Kichwa kinadanganya. Mdomo ndio hata tusiuzungumzie. Mimi naangalia kiuno chako tu. Mtu hawezi kwenda mahali akaacha kiuno nyumbani."

Hiyo ilikuwa Juni. Julai mkono wake ulianza kufika nikiwa nimeshasimama. Nilifikiri mimi ndiye ninayepanda viwango, nikajiona bingwa, nikamwambia atafute wa saizi yake. Kisha nikaanza kusikiliza. Nikikata kushoto, nyuma yangu kulikuwa na pengo katika mshindo wa miguu, pengo dogo, kama mtu aliyefika mlangoni mwa basi na kufikiri ashuke au asishuke. Lilikuwa lile goti. Hakusema. Nami, kwa mara ya kwanza tangu nizaliwe, nilikosa mzaha.

Ajenti alipiga simu: majaribio yapo, Jumamosi ya mwisho ya Agosti. Mama akapokea habari hiyo kwa njia yetu. Kwenye fellowship yetu, kikundi cha maombi cha Wakenya na familia chache za Kongo, tunakutana Jumapili nyumbani kwa mtu, zamu kwa zamu, na kitu hatukiombi tu, tunakishukuru kabla hakijafika. Visa haijatoka, pilau imeiva. Kuna dada mmoja alishukuru leseni ya udereva na mpaka leo tunakutana naye kwenye basi. Hakuna anayemcheka isipokuwa mimi.

"Jumapili ni zamu yetu," Mama alisema. "Tutashukuru kwa ajili ya mkataba."

"Dada, hawajanipa mkataba."

"Kwa imani."

"Na nikikosa?"

"Usikiri hivyo ndani ya nyumba yangu!"

Ting, ting, ting.

Walikuja wengi mpaka viatu vikajaa ukumbi. Pasta aliweka mikono juu ya kichwa cha anko akamwomba Mungu ambariki mtumishi wake katika mchezo huu wa raga.

"Si raga, Pasta," anko alisema macho yamefumbwa.

"Katika mchezo huu unaofanana na raga," Pasta aliendelea bila kuvuta pumzi.

Kisha, kabla ya chakula, Pasta akapata wazo. Sisi tunaomba kwa ajili ya kitu ambacho hatujakiona. Kwa nini ndugu asituonyeshe kidogo? Watu wakapiga makofi. Anko akanitazama. Mimi nikatazama zulia.

Mama alinivuta jikoni, mwiko mkononi. "Leo umwache anko wako akushike. Umesikia? Watu wako hapa."

"Mama, ataju—"

"Nimesema."

Kumbe naye alikuwa akituangalia jioni zote hizo kutoka dirishani, akiwa anaosha vyombo. Nilimwona usoni kwamba anajua kila kitu ninachokijua mimi.

Fellowship nzima ilitoka na nguo zake za Jumapili, viatu vya visigino vikizama kwenye nyasi. Nikatupa sweta. Anko akasimama mbele yangu, magoti yamekunjwa, mikono imelegea. Wakati huo tu ndipo mwili wake wote ulikuwa umetulia, hata mguu.

Nikatoka. Nikakata kulia, upande ambao goti halilalamiki, na nikapunguza mbio kidogo tu, kiasi ambacho mwalimu wa michezo asingekiona. Nilikuwa nusu ya njia nilipogundua kwamba nakimbia peke yangu. Anko alikuwa amesimama katikati ya uwanja, mikono kiunoni.

"Njoo hapa."

Nikaenda.

"Umefanya nini?"

"Nimekimbia."

"Kiuno chako kimekaa kitako. Nani amekuambia?"

Nadhani kiuno kiligeuka kidogo kuelekea alipokuwa Mama na mwiko wake, maana anko alitazama huko.

"Rudia," akasema. "Kushoto. Na ukinihurumia tena nitakuja shuleni kwenu, nitakaa na walimu wako, nitawauliza wanisimulie yote. Nina muda."

Hicho kilikuwa kitisho kizito kuliko chochote alichowahi kunitolea Mama. Nikarudi mahali pangu. Nikamwangalia kulia, nikapiga hatua, nikakata kushoto kwa nguvu zangu zote.

Nyuma yangu mshindo ulikuwepo, kisha pengo, kisha sikusikia tena vizuri, kwa sababu ya upepo masikioni. Nilifika kwenye sweta nikageuka. Kati yangu na yeye pangeweza kupita basi, na abiria wakashuka.

Watu wakashangilia! Walinishangilia mimi. Walidhani ni sehemu ya burudani, anko anampa mtoto heshima. Mama mmoja wa Kongo alipaza sauti, "Eh! Huyu mutoto anakimbiaka! Nani anakufukuza, mama?" Mama yangu peke yake hakupiga makofi.

Anko alikuja akitembea. Alipofika aliniwekea mkono begani.

"Nimekugusa," alisema.

"Umechelewa."

"Ndiyo." Alikuwa anahema, na anatabasamu, lakini tabasamu lilikuwa upande mmoja tu. "Nimechelewa. Ujerumani kuna vijana wanakimbia kuliko wewe, unajua? Na hawana mama wa kuwaambia wanihurumie."

Nilitaka kusema kitu cha kuchekesha. Nilikitafuta kila mahali.

Akatoa simu mfukoni, akatembea mpaka kona ya uwanja ambako mtandao unashika, akampigia ajenti yeye mwenyewe. Sikusikia mengi, ila kwamba Ujerumani haendi. Aliongea Kiingereza chake cha Marekani, kwa upole, na mwisho akasema asante kwa Kiswahili, nadhani bila kujua. Kisha simu ikarudi mfukoni na yeye akabaki pale, hajui aende mbele au nyuma.

Jikoni Mama alikuwa anafunga na kufungua sufuria. "Sasa hawa watu nitawaambia nini? Na pilau yote hii? Nimeita watu kushukuru!"

"Waache washukuru," anko alisema.

"Washukuru nini?"

"Kazi iliyokuwepo. Chakula si ni kile kile?"

Akaenda kuchukua kanda.

Basi tulikaa sebuleni, wengine sakafuni, sahani mapajani, tukitazama mistari ya kijivu inayopanda juu. Theluji na ubovu wa picha vilikuwa kitu kimoja. Anko alisimama kando ya televisheni na kutafsiri. "Huyu ni mimi. Hapana, subiri aje tena. Huyu! Mtu wangu ni yule mrefu. Sasa anajifanya anaingia ndani, mnaona? Tazameni kiuno."

"Tunaona!" alisema Pasta, ambaye alikuwa anatazama mahali tofauti kabisa.

"Mpira huo! Unakuja, unakuja..."

Kilipita kivuli, kikapanda, kikatokea tena chini.

"Nimeiba!"

"Haleluya!" fellowship ikaitika, na safari hii walikuwa wanashukuru kitu kilichotokea kweli, ingawa hakuna aliyekiona. Dada wa leseni alisimama kabisa. Anko akawakimbiza kwa kidole uwanja mzima, mstari kwa mstari, mpaka kanda ikaisha na skrini ikawa buluu. Akaketi. Watu wakaendelea kula. Na polepole, kutoka kwenye kabati, ting, ting.

Nilingoja kelele za Mama. Sote wawili tulingoja. Anko alishaanza kuushika mguu.

Mama aliinuka, akafungua kabati la vioo, ambalo sijui ufunguo wake huwa anauficha wapi na nimeutafuta sana. Akatoa vikombe vyote, akaviweka kwenye trei, akavimiminia chai ya maziwa na kuwagawia watu. Cha kwanza alimpa mdogo wake.

Mguu ukaendelea kudunda. Hakuna kilicholia. Chai ilikuwa na vumbi, na nilimwambia hivyo, na nikatoka mbio kabla hajaweka trei chini.