Uso wa Yasuzo

Kazi ya Kuramochi Yasuzo ilikuwa kufa. Katika studio ile ya Kyoto alishakufa kwa upanga na kwa mshale, na tangu sinema za majasusi ziingie, kwa bastola. Na alikufa kiungwana, kisogo kikiielekea kamera, ili baada ya chakula cha mchana avae koti jingine afe tena bila mtazamaji kumshtukia.

Mama yake, Tane, hakuwahi kutazama hata sinema yake moja. Kaka yake Yasuzo alikwenda vitani asirudi, na mama aliliweka wazi jambo moja. "Mimi siendi kulipa kiingilio nimwone mwanangu akifa. Siku ukitoka mzima, niite." Sasa macho yake yalianza kuingia ukungu, na Yasuzo aliogopa siku hiyo isingewahi.

Ikaja sinema ya jasusi wa suti nyeupe, mwenye mwavuli unaopaa, akipambana na genge lililotaka kuiba mlima Fuji. Upuuzi mtupu, na hadithi ilibadilishwa kila asubuhi. Leo Yasuzo ni adui, kesho polisi, keshokutwa hajui. Wakampaka plasta laini usoni, ikakauka, wakaibandua ikiwa na umbo la uso wake, wasimwambie ni ya nini. Kisha Hamuro, mwongozaji, akamwamuru aigeukie kamera na atembee kama Shirogane, nyota wao aliyemwigiza jasusi, mabega juu. Yasuzo akauliza yuko upande gani. Akaambiwa atembee tu.

Bastola ikalia. Yasuzo akaanguka, kisogo kwenye kamera.

"Bwana Kuramochi, nani kakuua?"

"Sijui, mwongozaji. Nimesikia bastola."

"Haikuwa yako. Safari hii unaishi."

Ikalia tena, akaanguka tena. Mazoea yana taabu. Mwishowe wakamfunga mkanda kwenye nguzo nyuma yake, naye akabaki wima, macho yamemtoka, haelewi lolote. Hamuro akasema uso huohuo ndio alioutaka.

Sinema ilipotoka, Yasuzo akamwita mama yake.

Ukumbini uso wake ukajaa pazia zima. Mama akamshika mkono wa koti. Mara, pale kwenye pazia, vidole vikapanda shingoni, vikauchuna uso ule kama ganda la chenza, na chini yake akatokea Shirogane, anatabasamu. Uso wa Yasuzo ukatupwa kwenye pipa la taka. Watu wakacheka mpaka viti vikalia.

Kumbe ile plasta ilikuwa ya kumtengenezea Shirogane kinyago cha uso wake. Yasuzo aliona aibu, akaona na furaha, asijue ashike ipi.

"Yasu," mama alinong'ona, "yule ulikuwa wewe?"

"Nilikuwa mimi, mama. Sasa hata sijui."

"Lakini umekufa?"

Akafikiri sana. "Sidhani."

"Basi tulia tutazame."

Akamwekea kipande cha chenza kiganjani. Ule mkono wa koti hakuuachia mpaka taa zilipowashwa.