Mahali Mstari Unapokata Mhimili Wima

Mama alizikwa Jumamosi, nyumbani kwetu magharibi. Mimi na Baba tukarudi mjini, mtaani Kaloleni, kwa treni, maana Baba alikuwa karani wa reli, na Jumatano nikavaa sare nikaenda shule. Nilikuwa kidato cha pili.

Mwalimu wa hesabu hakunipa pole. Aliniita ubaoni. Alikuwa ameandika nukta mbili: moja iko mbili kulia na saba juu, nyingine nne kulia na kumi na moja juu.

"Mstari unaopita hapa unakata wapi mhimili wima?"

"Sijui, Mwalimu. Sikuwapo."

"Ndiyo maana nimekuita. Kutoka mbili hadi nne, umesogea ngapi?"

"Mbili."

"Na umepanda?"

"Nne."

"Basi kila ukisogea moja, unapanda mbili. Sasa rudi nyuma mpaka kwenye sifuri."

Nikarudi hatua mbili. Saba nikatoa nne.

"Tatu," nikasema.

Darasa likapiga makofi. Nilitazama chaki mkononi. Sikuona haya wala furaha. Nilikuwa hivyo tangu mazishi. Kwa kuwa sikulia, shangazi zangu walikuwa wamesema nina moyo mgumu.

Jioni hiyo nilisonga ugali. Baba alikula kidogo, akasukuma sahani.

"Leo mmesoma nini?"

Hakuwa ameniuliza neno tangu tutoke kaburini. Nikaleta daftari. Akavaa miwani, akafuata mstari kwa kidole, akasimama pale ulipokata mhimili wa chini.

"Ni hapa."

"Hapana, Baba. Huo ni wa kulala. Tunatafuta ule wa kusimama."

"Aa. Nionyeshe tena."

Nikamwonyesha. Tulifanya maswali yote ya ukurasa ule. La mwisho alilipata peke yake, akaandika jibu kwa mwandiko wake wa ofisini, akalipigia mstari chini kwa rula. Kisha akavua miwani, akakaa ameishika. Nami nikaosha vyombo.

Kuanzia hapo kila jioni ilikuwa hesabu. Hatukuzungumza mengine. Mwisho wa muhula nilikuwa wa pili darasani. Baba alisoma ripoti akiwa amesimama mlangoni, akasema, "Vizuri," akaiweka kwenye sanduku la nguo za Mama, ambalo hakuna aliyekuwa amelifungua.

Nilikuja kulia likizo ya Desemba, sokoni Muthurwa, mchana. Mama mmoja aliyetuuzia sukumawiki miaka yote alinifungia mafungu mawili, akauliza, "Mbona siku hizi mama yako anakutuma wewe? Mwambie nimemkumbuka."

Nikasema, "Nitamwambia."

Nikapiga hatua chache. Nikakaa juu ya gunia la viazi la mtu nisiyemjua, nikalia mpaka yule mama akaacha meza yake, akaja akaketi kando yangu.