Kompyuta ya Chini ya Meza

Fundi wa kompyuta hupuliza kibodi kabla ya kuigusa, kama mtu anayepoza chai. Mwalimu alipomwambia, "Fundi, mashine inadai leseni, niwekee ile programu ya magendo inyamaze," alipuliza kwanza.

"Matokeo ya wanafunzi yamo humu?"

"Yote."

"Basi nunua leseni, mwalimu wangu, au nikuwekee programu endeshi ya Linux. Hiyo wenyewe wameitoa bure."

"Mbona wenzako wanaiweka hiyo ya magendo kwa dakika tano tu?"

Fundi akainama, akatoa chini ya meza kompyuta ambayo kila asubuhi huiwasha, huitazama, huizima. "Ya dada yangu. Picha zote za marehemu mama zimo. Programu hiyo iliingia na virusi, vikazifunga zisifunguke tena."

"Nani alimwekea?"

Fundi akaipuliza, ingawa haikuwa na vumbi. "Mimi," akasema. "Dakika nne."