Sinema Niliyoifua

Niliifua sinema kwa sabuni ya mche na maji ya moto, kisha nikaianika kwenye kamba katikati ya kanzu za marehemu babu yangu. Ninalisema hili mapema, asije mtu akawasingizia mchwa.

Ilikuwa siku ya tatu baada ya mazishi, nyumbani kwetu Ole. Kwetu nguo za marehemu hufuliwa zote kabla ya kutolewa sadaka, na mimi niliyetoka Unguja nikachelewa maziko nilitaka nionekane nina faida. Shangazi zangu walishika kanzu na mashuka. Mimi nikaingia uvunguni mwa kitanda nikatoa bati la mviringo lenye kutu. Ndani mlikuwa na mkanda mrefu, umenata, unanuka siki. Nina kichaa cha usafi. Nikiona kitu kinanuka mikono yangu haitulii. Niliusugua kwa dodoki, pima baada ya pima. Maji yakawa ya kahawia, nami nikafurahi kwamba uchafu unatoka. Ulipokauka uling'aa kama nailoni mpya, na shangazi mmoja akanisifu.

Bibi hakuona lolote. Alikuwa chumbani amekaa eda. Alasiri nilipompelekea uji, aliniuliza kwa sauti ya chini:

"Lile bati la babu yako mmelitoa?"

"Lipo, Bibi."

"Msiliguse. Mna sinema yangu mle."

Ndipo akanihadithia. Babu alipokuwa kijana alipita vijijini na mashine ya sinema ya kuzungusha kwa mkono, akitundika shuka kwenye harusi za watu. Alikuwa na sinema moja tu, isiyo na sauti, kongwe hata kwa wakati ule, na maneno yote aliyasema yeye mwenyewe. Katika sinema hiyo fundi saa anampenda binti wa tajiri. Kila akitengeneza saa moja ya nyumba ile, anaharibu nyingine makusudi ili aitwe tena. Watu walicheka wakashika mbavu. Mwishoni fundi anamuuliza binti kama atamkubali. Binti anafungua mdomo, na hapo Babu alikuwa akiziba lenzi kwa kiganja, maana yaliyofuata, alidai, hayatazamwi mbele ya wakwe. Kisha alipaza sauti: "Kakubali! Haya, vigelegele!"

Bibi aliitazama akiwa mwari, amekaa mbele kabisa. Wiki ile ile Babu akapeleka posa. Siku ya ndoa mashahidi walikuja mlangoni kumuuliza kama anaridhia, naye akanyamaza. Kunyamaza kwa mwari huhesabiwa ridhaa. Vigelegele vikapigwa.

"Nami nlikuwa nataka kusema," Bibi aliniambia. "Nlikuwa natafuta neno tu."

"Neno gani, Bibi?"

"Sijui hata leo. Ndo maana nataka kumwona yule mwenzangu. Uso wake tu wanitosha, nijue kakubali au kakataa. Babu yako kila nikimwomba hunambia kesho, hata mashine ikafa. Eda ikisha, nitafutie mwenye mashine."

Nilitoka nikauinua mkanda juani. Hamkuwa na fundi, hamkuwa na binti, hamkuwa na saa hata moja. Niliuzungusha nikaurudisha batini.

Hadi eda ilipotimia, miezi minne na siku kumi, nilimdanganya Bibi kwamba mwenye mashine anakuja. Nilimpata kwa simu mtu wa Unguja anayehifadhi sinema za zamani, nikamsimulia hadithi ya fundi saa na binti, nikamuuliza kama ipo nakala nyingine. Baada ya wiki kadhaa alinijibu kwa furaha: ameuliza hadi ng'ambo, na hakuna anayejua ilipo nakala nyingine. Kama sisi tunayo, akasema, tuiweke pakavu na tusiiguse kwa maji. Nilikata simu bila kuaga.

Siku ya kutoka eda Bibi alioga, akavaa kanga mpya, akaagiza shuka jeupe litundikwe ukutani. Nilikuwa nimeshatunga uongo kwamba umeme umekatika na mashine haitawaka. Nilipomwona ameketi mbele kabisa, mikono mapajani, nilichukua bati nikachutama mbele yake.

"Bibi, niliufua."

Alinyoosha mkono nikampa bati. Akavuta kipande, akakiinua kwenye mwanga wa mlangoni, akautazama ua kupitia kwacho: mikeka ya karafuu, kuku, kisha mimi. Akakishusha.

"Babu yako kanizibia kwa kiganja," akasema. "Weye kwa sabuni."

Shangazi mmoja aliingilia kutaka kutuliza mambo. "Basi mama, si alikubali yule binti? Mzee alisema siku zote kuwa alikubali. Yamekwisha, au vipi?"

Bibi alifungua mdomo. Tulingoja. Akaufumba.

Shangazi akaona kwamba ameridhika, akaliteremsha shuka.