Aliyekula Firigisi ya Mgeni

Nilikula firigisi Dubai, kichwa kimejaa mvi, ndani ya mkahawa wa Wafaransa. Ukitaka kucheka, cheka, lakini usiondoke. Mimi na firigisi tumetoka mbali.

Mjukuu wangu ndiye aliyenipeleka. Mtoto huyo nimemlea mimi, na sioni haya kumsifu. Alifika Dubai akaanza kwa kuosha masufuria, na kabla miaka mitatu haijaisha alikuwa amesimama mbele ya jiko, aproni nyeupe kiunoni, anawapikia watu wenye pesa zao. Alikuwa akikaa mtaa wa International City, chumba kimoja na wasichana wengine watatu, vitanda vya juu na chini. Aliponitumia tiketi nikamtembelee, nilipewa kitanda chake, naye akalala sakafuni mwezi mzima wala hakunung'unika. Siku yake ya mapumziko akaniambia, "Nyanya, vaa ile nguo ya kanisani. Leo unakula kwangu kazini, na unahudumiwa."

Tulipanda basi, halafu treni isiyo na dereva. Nilikwenda mpaka mbele kabisa kuhakikisha. Kweli, hakuna mtu. Nikamwuliza nani anaiendesha, akasema kompyuta. Nikamwuliza, na kompyuta inaendeshwa na nani? Akasema, "Nyanya, khalas, imetosha, keti."

Mkahawa wenyewe uko katikati ya mji, chini ya majengo yale yanayotoboa anga. Nilitarajia jumba. Kumbe ni kachumba kama sebule ya mtu: mlango wa mbao, viti vyembamba, vioo ukutani, taa zinawaka mchana kweupe. Nje jua linakaanga utosi, ndani baridi ya kuvalia sweta. Meza zimebanana hadi unamsikia jirani akitafuna. Na ukutani, ubao mweusi umeandikwa kwa chaki. Mimi shule niliiachia darasa la tatu, na ubao mweusi bado naushuku. Nikanong'ona, "Tutaulizwa maswali?" Akaniambia hayo ni majina ya vyakula vya siku hiyo, mpishi mkuu huyafuta na kuandika mengine kila asubuhi.

Juu ya kitambaa cha meza walikuwa wametandika karatasi. Hapo nilitaka kujua: kama kitambaa ni cha kupendeza, mbona mmekifunika? Na kama hamtaki kichafuke, mbona mmekitandika?

"Muulize yule," mjukuu akasema.

Yule alikuwa mhudumu, msichana wa Uganda, ambaye alikunja magoti kunisalimia palepale mbele ya wazungu wote, akaniita nyanya kwa lugha ya kwao. "Jaaja, karibu sana. Huyu bosi wa jikoni leo amekuja kututuma, na najua hata tipu hatatoa."

"Nikupe tipu ya nini, na kila siku nakulisha?" mjukuu akamjibu.

"Unanilisha mabaki!"

"Na unayamaliza."

Nikapenda pale mahali. Mkate ukaja kwenye kikapu bila kuagizwa, ganda lake gumu hadi linalia ukilivunja, na ndani una pumzi ya joto. Nilikuwa nimekula vipande vitatu mjukuu akanishika mkono. "Acha nafasi. Nimekuagizia kitu, na sikwambii."

Ikaja sahani. Majani mabichi chini, njugu za kwao zilizokunjamana kama ubongo, na juu yake vipande vyekundu vya kuiva, vinang'aa mafuta. Nilivijua kabla sahani haijatua mezani. Nimepasua firigisi tangu nina miaka sita. Uikate unavyotaka, uivalishe Kifaransa, nitaijua.

"Za bata," mjukuu akasema, na macho yake yalikuwa yanacheza. "Zimeiva polepole ndani ya mafuta asubuhi nzima. Na unajua nani alinifikisha kwenye jiko hapa? Wewe. Mpishi mkuu aliwapa watu wawili wazisafishe, wakaziacha na ile ngozi ya ndani. Nikamwambia, sir, nipe kisu. Nikapasua, nikageuza, nikamenya kwa kucha, vile ulinifundisha. Kutoka siku hiyo sikurudi kwenye sinki. Kula, Nyanya. Hizi nimepika mimi."

Nikaweka uma chini.

Akanitazama, akadhani ni mambo ya mila. "Hapa hakuna mzee wa kuja kuidai. Ama unaogopa utaitwa Kukhu Firigisi?" Akacheka mpaka mhudumu akageuka.

Mimi sikucheka. Wewe msomaji hulijui jina hilo, basi nikueleze. Kukhu ndivyo tunavyomwita nyanya kwetu Bungoma. Na Kukhu Firigisi lilikuwa jina la utani la mama mzaa baba yangu. Kwetu hadi leo, mtoto akidokoa chunguni ataambiwa, "Wewe umekuwa Kukhu Firigisi." Huyu mjukuu nimemwita hivyo mimi mwenyewe, si mara moja, na mkono juu yake. Nikiwa najua ninayoyajua.

Nilipokuwa mtoto, kuku hakuliwa ovyo. Kila kipande cha kuku kilikuwa na mwenyewe: miguu na shingo ya watoto, mabawa ya akina mama, paja la mgeni, na firigisi ya baba mwenye boma, au ya mgeni kama mgeni ni mkubwa. Mwanamke hakuigusa kwa mdomo. Kwa mikono, ndiyo. Kazi ya kuisafisha ilikuwa yetu. Mimi ndiye niliyemkimbiza kuku nyuma ya ghala, mimi ndiye niliyemnyonyoa manyoya kwenye maji ya moto, na ile harufu ya manyoya yaliyolowa nikiifikiria naisikia puani hata sasa. Halafu napewa firigisi na kisu.

Nikuambie, hakuna kitu kilinifurahisha kama kuipasua. Kukhu alikuwa akisema, "Ukitaka kujua kuku ametembea wapi, usimwulize, mpasue." Ndani nilikuta wimbi, changarawe, shanga, kipande cha chupa kilichosagwa hadi hakikati tena. Siku moja nilikuta kifungo cheupe, nikakijua, cha shati la mwalimu wetu. Nikacheka peke yangu siku mbili. Kisha unamenya ile ngozi ya manjano, unaiosha nyama, inakaa kiganjani nzito, laini, rangi ya zambarau. Unaipeleka kwa mama, inaingia chunguni, na safari yako na firigisi imeisha. Itatoka kwenye chungu hadi kwenye bakuli la wanaume, na mlango utafungwa.

Mimi nilikuwa mtoto wa kuuliza. Nilimwuliza mama, ina ladha gani? Akasema, "Nijue wapi?" Nikamwuliza kaka, aliyewahi kumegewa na baba. Akajisugua tumbo na kusema, "Huwezi kuelewa, wewe ni msichana." Hilo jibu ndilo lililoniponza.

Akaja mgeni. Alikuwa rafiki wa baba, walitahiriwa siku moja kando ya mto mmoja, na watu wa namna hiyo kwetu hutukanana kama mchezo na huheshimiana kama moto. Alikuwa ametembea tangu alfajiri. Tulimsikia ng'ambo ya uzio akipaza sauti, "Bado mko hai humu? Nilisikia mwenye boma alilia siku ile ya kisu hadi akafa!" Na baba anajibu, "Ingia, wewe uliyekimbia ukashikwa na mama yako!" Wakakaa chini, na baba akaagiza jogoo.

Chungu kilichemka. Mama akatoka kwenda kuomba unga wa kuongezea ugali kwa jirani. Nikabaki na moto. Firigisi ikapanda juu ya mchuzi, ikazunguka, ikazama, ikapanda tena. Nikaishika kwa vidole. Nikasikia nyayo za mama. Nikaipiga meno mara mbili, nikaimeza ikiwa moto, na machozi yakanitoka bila kulia.

Sasa elewa jambo moja. Kwetu, mgeni akipewa kuku asiye na firigisi, maana yake ni kwamba kuku huyo hakuchinjwa kwa ajili yake. Anakula makombo ya mtu mwingine. Ni tusi, na tusi hilo halikuwa la mchezo.

Mgeni alichovya mchuzi, akatafuta. Akageuza paja, akatafuta tena. Akamwambia baba taratibu, "Huyu jogoo wako aliishije bila firigisi?" Halafu akanawa mikono, na alikuwa hajala. Baba akasimama mlangoni akamwita mama. Nilijua kinachofuata, maana kilikuwa kimemkuta jirani yetu: mama angefunga kitambaa chake na kurudi kwao usiku ule ule, arudi na kuku mkononi wa kuosha aibu, au asirudi. Mama alikuwa ameshashika kitambaa chake. Nami midomo yangu ilikuwa imetoka malengelenge.

Kukhu alikuwa ameketi kando ya ukuta akivuta sigara yake, ule upande wenye moto ukiwa ndani ya mdomo, kama walivyovuta wanawake wa umri wake. Akaniangalia midomo. Akaitoa sigara.

"Mnampigia nani kelele?" akasema. "Nimekula mimi. Meno yangu mawili yaliyobaki yameomba, ningeyanyima?"

Baba alimkodolea mama yake kama anamwona kwa mara ya kwanza. Mgeni ndiye aliyeanza, akacheka, akacheka hadi akakohoa. "Mama, wewe nikulaumu vipi? Ungeacha hata kipande nijue ilikuwapo!" Baba akamfungia jogoo mwingine mzima wa kwenda naye nyumbani, na mama akabaki.

Lakini cheko la mgeni lilisafiri. Alikisimulia kisa hicho kila palipo na pombe. Baada ya mwezi mmoja watoto mtoni walikuwa wanamwimbia Kukhu. Baba hakumpelekea tena kuku nyumbani kwake, hata bawa. Na alipozikwa, miaka mingi baadaye, mgeni yule yule alisimama kaburini akakisimulia kisa, na watu waliokuwa wanalia wakacheka. Nami nikacheka nao. Nilikuwa mwanamke mzima, nina mtoto mgongoni, na nikacheka.

Kukhu hakuwahi kunisema. Ila siku ya pili baada ya mgeni kuondoka, tukipalilia wimbi, alisimamisha jembe akaangalia kushoto na kulia. "Haya, niambie. Ina ladha gani?"

Nikamwambia sijui, niliimeza kama dawa.

Akasonya. "Yaani nimeuza jina langu na hata ladha hukuniletea?" Akarudi kwenye jembe. Mabega yake yalikuwa yanatikisika, na mpaka leo sijui kama ni kucheka.

Hayo ndiyo niliyomsimulia mjukuu wangu pale mezani, ikiwa mara ya kwanza kumsimulia mtu. Mkate ukakauka. Hakucheka tena.

"Miaka yote hiyo umenyamaza?"

"Nimenyamaza."

"Na ulikuwa unaniita mimi hivyo."

"Nilikuwa nakuita."

Akaisukuma sahani karibu yangu zaidi. "Basi tafuna, Nyanya. Pole pole safari hii."

Nikatafuna. Ni nyama inayokataa kidogo halafu inakubali. Ina utamu wa ini bila ule uchungu wake, na chumvi, na kitu kama udongo baada ya mvua. Nilikula kimoja, nikala cha pili, nikamaliza sahani na kuifuta kwa mkate. Ni tamu. Si tamu ya kumfukuzia mwanamke kwao.

Kisha nikamwambia alete simu, afungue lile kundi la WhatsApp la ukoo. Nikaiweka mdomoni nikasema kwa sauti, na wazungu wa meza ya pili waligeuka: "Mimi ndiye niliyekula firigisi ya mgeni. Kukhu alinifichia. Msimwite tena hivyo. Mkitaka kuita, niiteni mimi."

Wakafanya hivyo, hawakuchelewa. Vicheko vilimiminika. Sahani haijaondolewa, tayari mimi ni Nyanya Firigisi, na nakubali, ni haki yangu. Wale waliomcheka Kukhu wamekwisha wote, mgeni, baba, hata kaka aliyejisugua tumbo. Palipokuwa na nyumba ya Kukhu pana miwa. Kuku wa siku hizi wanakaa kwenye vizimba na hawatembei popote, ukipasua firigisi hukuti kifungo cha mtu. Na mjini Bungoma zinauzwa kwa kilo, anunue mwanamke, anunue nani, muuzaji hata hakutazami usoni.

Tulikuwa tunangoja kahawa ndipo simu ikalia tena. Alikuwa mjukuu mdogo, yule wa sekondari. Aliandika, na dada yake akanisomea: "Kama si Kukhu Firigisi, basi tumwiteje? Jina lake halisi lilikuwa nani?"

Nikafungua mdomo nimjibu. Utotoni mwetu jina la mkubwa halikutajwa, na lake sikuwahi kulisikia. Alikuwa Kukhu, alikuwa mama ya baba. Hakubatizwa, hakuandikwa popote, na kaburi halikuwekwa jiwe. Naijua sauti ya kikohozi chake. Najua alivyopenda mboga ya mrenda, ulainike hadi ukatae kukatika. Najua hata alivyolala, mkono mmoja chini ya shavu.

"Mwambie nitamjibu," nikasema.

Mhudumu akaleta kahawa. Mpaka ninapoandika haya, yule mtoto sijamjibu.