Msomi Aliyefungia Mvua Mtini

Nakumbuka siku moja, mwanangu, jua liliwaka juu ya milima yetu ya Magamba kana kwamba halijawahi kujua ukungu ni nini. Maharage ya shamba la ujamaa yalikuwa yamejikunja kama masikio ya mbuzi mgonjwa, na kijito cha bondeni kimebaki uzi tu wa maji. Nami, msichana niliyefundisha watu wazima kusoma na kuandika, nilikuwa nikikimbia kupanda mlima, pumzi zimeniishia, huku mbele yangu nasikia shoka likigonga mti.

Ngoja nikurudishe nyuma kidogo, tusipotezane.

Jioni baada ya darasa, wanafunzi wangu walipenda kubaki jikoni kwetu wakiota moto, nami niliwasimulia hadithi niliyoitunga mwenyewe. Ilikuwa ya msomi aliyeitwa Kungugu, wa nchi iliyo ng'ambo ya ukungu, ambako milima huhamahama kama ng'ombe na mawingu huenda shule. Kungugu alizaliwa ndani ya jani la mgomba. Alijifunza kusoma kwa kufuata njia za konokono, akakua akawa mwalimu wa mawingu. Kila asubuhi yalipanga mstari mlangoni pake, na wingu lisilojua somo lake halikuruhusiwa kunyesha. Kisha watu wa nchi ile wakamvunjia heshima. Kungugu, kwa uchungu, akaichota mvua yote kibuyu baada ya kibuyu, akapanda nayo msituni akichechemea, akaifungia ndani ya mti.

Hapo ndipo nilipokuwa nimefika. Mwisho wake nilikuwa bado naupika.

Basi, ukingoni mwa msitu, juu ya kijiji chetu, aliishi Mzee Nassoro, mfuga nyuki. Mguu wake mmoja ulikuwa mfupi kidogo. Kiangazi kilipozidi alichota maji kijitoni kwa kibuyu, akayapandisha hadi kwake ili nyuki wanywe, wasihame. Nilimwona kupitia dirishani, nilipokuwa nikisahihisha madaftari. Mwendo ule ulinipendeza, nikauchukua nikampa Kungugu. Sikufikiri zaidi ya hapo. Ujana, mwanangu, huokota vya watu njiani ukadhani vimedondoka mbinguni.

Ukame ulipokaza, watu wakaanza kutazamana. Tangu kale, milimani kwetu iliaminika kwamba wapo wawezao kuiponya nchi, na wapo wawezao kuiharibu. Mvua ikikawia, hutafutwa mtu. Safari hii mtu hakuonekana, hadithi yangu ikawapa mmoja. Balozi wetu wa nyumba kumi, kijana mwenye sauti kubwa aliyeitwa Hoza, ndiye aliyelitamka kwanza: "Anapanda na kibuyu kimejaa, anashuka nacho kitupu. Maji anayapeleka wapi?"

Siku ile niliyokimbia kupanda mlima, nilipofika, wanakijiji walikuwa wameuzunguka mti mkubwa wa mkulo ulio kando ya nyumba ya mzee, alikotundika mizinga yake. Chini yake walikuwa wamewasha majani mabichi ili moshi uwalegeze nyuki. Mzinga mmoja ulishaanguka na kupasuka, asali inachuruzika vumbini. Mtu mmoja alishika shoka, mwingine kamba. Mti ukishaanguka, walisema, mzee naye afungwe na kushushwa mlima, asionekane tena.

Mzee Nassoro alikuwa ameketi mlangoni pake, kibuyu mapajani.

"Mmekuja wengi hivi," alisema, "na sijasikia hata shikamoo moja."

Shoka likasita. Kwa mazoea tu, sauti mbili tatu zikaponyoka nyuma ya umati: "Shikamoo, babu."

"Marahaba. Haya, endeleeni kukata."

Hakuna aliyecheka.

"Usituzungushe, mzee!" Hoza alifoka. "Mvua umeifungia humo. Lisemwalo lipo!"

"Na kama halipo, laja!" umati ukamalizia.

Ndipo Hoza akaniona. "Mwalimu wetu huyu hapa! Mwalimu, hebu sema wote wasikie. Kungugu aliificha wapi mvua?"

Macho yote yakanigeukia. Walikuwa wanafunzi wangu. Mikono iliyoshika kamba na shoka ndiyo niliyoiongoza kuandika jina kwa mara ya kwanza. Kusema ni hadithi tu ni kuwaaibisha hadharani. Kunyamaza ni kumfunga mzee kwa mkono wangu. Kando yao nilimwona mama yangu, mzigo wa kuni kichwani.

"Asimulie," alisema Mzee Nassoro kwa upole. "Ila mwalimu, nijibu kwanza. Habari husemwa juani. Hadithi hungoja moto. Hii ya Kungugu ni habari, au ni hadithi?"

Lazima ujue, mwanangu, kwetu ulikuwa mwiko kusimulia hadithi mchana. Anayefanya hivyo, walituambia tangu utotoni, mama yake hupotea njia asirudi nyumbani. Hakuna aliyewahi kuona mama wa mtu akipotea hivyo, na hakuna aliyethubutu kujaribu.

"Ni hadithi," nilisema. Sauti ilitoka nyembamba, nikairudia. "Ni hadithi! Niliitunga mimi, na mguu wa Kungugu niliuiba kwa mzee huyu. Siwezi kuisimulia jua likiwaka. Mama yangu yuko hapa."

"Anaogopa!" Hoza akapaza sauti. "Mzee kamtisha! Haya, nitaisimulia mimi. Hapo zamani za kale, nchi ya ng'ambo ya..."

"Wee Hoza!"

Alikuwa mama yake, bibi mfupi aliyejifunga kanga mbili. Alipenya katikati ya wanaume akamziba mwanawe mdomo kwa kiganja.

"Unataka nilale porini leo? Nani atakupikia huo ugali wako wa bada, mti huo?"

Mtu akacheka. Kisha wa pili. Hoza alijitoa kwenye kiganja cha mama yake, akafungua mdomo, akamtazama, akaufunga. Pale kila mmoja alijua alichokuwa akikijua siku zote: ilikuwa hadithi. Mwenye shoka akaliegemeza mtini kama aliyesahau lilifikaje mkononi mwake.

Mvua haikunyesha siku ile, nisikudanganye. Nyuki wa mzinga uliopasuka walihama, hawakurudi.

Watu walipotawanyika, nilipiga magoti mbele ya mzee. Hakunikaripia kwa ukali.

"Mguu ulikuwa wangu," alisema. "Kibuyu changu. Ulipovichukua, ulibisha hodi?"

"Hapana, babu."

"Basi mtafutie msomi wako miguu yake. Na neno lako likitoka kwenda kutembea, usilale. Lifuate ujue limefikia nyumba ya nani."

Jioni ile, kando ya moto, Kungugu alipata miguu mirefu ya korongo. Akaufungua mti mwenyewe, mawingu yakarudi shule. Mzee Nassoro alikuwepo, akicheka kuliko wote.

Wazee walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Wewe, mwanangu, unayependa kutunga, tunga. Jenga nchi zisizokuwepo, uzijaze wasomi wa ajabu. Ila usimvike mtu wa kubuni nguo ya jirani yako bila kumwomba. Na siku maneno yako yatakapomtokea mtu mlangoni na shoka, usijifiche nyuma ya umati. Tangulia mbele, uyataje kwa jina lake, kwamba ni hadithi, hata sauti ikitoka nyembamba.

Mungu ayafanye maneno yako kuwa moto wa kuota, yasiwe wa kuchoma. Na kila usimuliapo, mama yako aione njia ya nyumbani.