Kuitwa Mara Tatu

Tangu Irene amletee habari ile Jumatatu, mzee Kasiani hakai akatulia. Akikaa, anainuka. Akiinuka, anakwenda uani kutazama mkungu wa ndizi alioutazama asubuhi. Mkewe Winfrida alimwambia kama ni tumbo aseme, apikiwe uji. Tumbo halikuwa na kosa. Kilichomkosesha raha ni jina la mtu.

Kwa miaka ishirini na sita Kasiani alikuwa tarishi wa mahakama ya Lubwe, mji mdogo chini ya milima ya Uluguru. Kazi yake kubwa ilikuwa kuita. Hakimu akitaja shauri, yeye hutoka mpaka katikati ya uwanja, huita jina mara tatu, na kila mara husubiri kidogo, maana watu wa milimani wametembea tangu alfajiri na wengine wamejilaza kivulini. Asipoitika mtu mara ya tatu, huandikwa: hakutokea. Walisema Kasiani akiita Lubwe, watu wa Matombo kule milimani wanaitika. Naye sifa hizo alizipenda, tusimsingizie unyenyekevu.

Sasa mahakama imehamia jengo jipya, na lile la zamani limegeuzwa makumbusho ya mji. Irene, binti anayeyasimamia, amepaka kuta chokaa, amepiga kizimba msasa, na madaftari ya mashauri ameyafungia kwenye kabati la kioo. Ufunguzi ni Jumamosi.

"Babu, siku hiyo utuitie kama zamani," alimwambia. "Jina nimelitoa humo humo daftarini. Ameandikiwa hakutokea, na mwenyewe yu hai, tumemwalika. Watu watacheka!"

"Nani huyo?"

"Bibi Editha Mkude."

Kasiani alisingizia kiu, akaondoka.

Miaka thelathini nyuma, Editha alikuwa akidai shamba la bondeni la ukoo wa mama yake, ambalo jirani alikuwa amelivamia. Asubuhi ya shauri alimfuata Kasiani. "Kaka, nikae wapi nisije nikapitwa?"

"Kaa popote, dada. Mimi nitakuita."

Akaenda kukaa kwenye kibanda cha chai ng'ambo ya barabara. Mara mvua ikashuka, ile ya masika isiyo na adabu, mabati yakapiga kelele. Na siku hiyo Kasiani alikuwa amevaa viatu vipya, vyeusi, alivyovifuata Morogoro Mjini. Alitazama matope ya uwanjani, akatazama viatu. Akasimama kizingitini, akaita mara tatu mfululizo, kwa sauti ambayo hata yeye hakuisikia vizuri. "Hakutokea, mheshimiwa." Shauri likafutwa.

Editha angeweza kuanza upya, lakini wajomba zake walikataa kumsindikiza tena. Walisema mwanamke aliyepuuza shamba la mama zake hana wa kumlaumu. Jirani akapanda migomba. Kasiani aliyasikia yote hayo, akanyamaza, na viatu akaendelea kuvivaa mpaka vikaisha soli.

Mficha maradhi, kifo humuumbua. Jumamosi alfajiri Kasiani alikuwa ameshavaa, anazunguka nyumba. Saa nne watu walikuwa wamejaa chini ya turubai mbele ya makumbusho, na Editha, mwembamba, kanga mpya, amekaa mstari wa mbele. Usiku mvua ilikuwa imenyesha.

"Simama hapa hapa mlangoni, babu," Irene alimnong'oneza. "Huko kuna matope, utachafuka."

Kasiani alimpita bila kumjibu. Alikwenda mpaka katikati ya uwanja, matope yakamfika vifundoni, akageuka kuwatazama watu.

"Siku ile sikufika hapa," alisema. Sauti ilimtetemeka, akaikasirikia. "Nilikuwa na viatu vipya. Niliitia mlangoni, mvua ikinyesha. Editha hakupuuza. Mimi sikumwita."

Waliokuwa wamejiandaa kucheka walitazamana. Editha aliinuka taratibu.

"Nilikuona, Kasiani," alisema. "Nilikuwa pale ng'ambo. Nilikuona mlangoni ukifungua mdomo. Nikajua siitwi mimi, maana uliniambia utaniita."

Mzee wa watu alitamani ardhi ipasuke. Alikuwa amedhani akishasema atapumua. Wapi! "Nisamehe, dada," alisema.

"Hilo tutalizungumza baadaye. Wajomba zangu wamekufa wote wakijua nilipuuza." Editha alinyoosha kidole kuelekea mlimani, yaliko makaburi ya ukoo wake. "Geukia kule. Niite kama inavyotakiwa, wasikie."

Kasiani aliwapa watu mgongo. Akavuta pumzi, akaita, akasubiri. Akaita tena, akasubiri. Mara ya tatu sauti ilimkatika katikati ya jina, ikabidi alirudie.

"Nipo," Editha aliitika. "Nilikuwepo."